Nuruddin Farah

Nuruddin Farah (alizaliwa Baidoa, 24 Novemba 1945) ni mwandishi wa riwaya, tamthilia na insha kutoka nchini Somalia. Huandika hasa kwa Kiingereza. Anahesabiwa kati ya waandishi wakubwa wa Afrika walio hai, na mwaka 1998 alipata Tuzo ya Kimataifa ya Fasihi ya Neustadt inayotolewa nchini Marekani.

Karibu riwaya zake zote zinahusu Somalia au Wasomali, ingawa sehemu kubwa ya maisha yake ameishi nje ya nchi hiyo. Aliondoka mwaka 1974 akiwa na nia ya kurudi baada ya masomo, lakini hakuiona tena hadi mwaka 1996. Katika kipindi hicho Somalia ilipigana vita na Ethiopia, ikatawaliwa kidikteta, na hatimaye dola yake ikasambaratika katika vita vya wenyewe kwa wenyewe. Farah amewahi kueleza mara nyingi kwamba anaandika ili kuiweka hai nchi yake.

Utoto katika Ogaden

Farah alizaliwa Baidoa, mji wa kusini mwa Somalia. Wakati huo eneo hilo, ambalo awali lilikuwa koloni la Italia, lilikuwa chini ya utawala wa kijeshi wa Waingereza walioliteka mwaka 1941 katika Vita Vikuu vya Pili vya Dunia. Baba yake, Hassan Farah, alikuwa mfanyabiashara aliyewahi pia kuwa mkalimani wa serikali ya Waingereza. Mama yake, Aleeli Faduma, alikuwa mtunzi wa mashairi ya mdomo. Katika jamii ya Wasomali ushairi wa aina hiyo una heshima kubwa: hutumika kutoa habari, kusuluhisha ugomvi, kusifu na kukemea. Mama yake aliombwa mara kwa mara kutunga mashairi kwa ajili ya harusi na shughuli nyingine, na Farah amemtaja kama mmoja wa watu waliompa moyo wa utunzi.

Akiwa bado mdogo familia yake ilihamia Kallafo, mji ulio kando ya mto Shabelle katika Ogaden. Wakazi wengi wa Ogaden ni Wasomali, lakini mwaka 1948 Waingereza walianza kuirudisha kwa Ethiopia. Kwa hiyo Farah alikulia katika familia inayozungumza Kisomali chini ya serikali inayotumia Kiamhari. Huko alisoma Kurani na Kiarabu, kisha katika shule akajifunza Kiingereza na Kiamhari. Kisomali, lugha yake ya mama, hakikufundishwa kwa maandishi kwa sababu hakikuwa na hati rasmi. Baadaye alijifunza pia Kiitalia.

Mipaka na nyota tano

Ili kuielewa kazi ya Farah inafaa kufahamu suala la mipaka ya Wasomali. Mwishoni mwa karne ya 19 nchi yao iligawanywa katika sehemu tano. Sehemu moja ilitawaliwa na Uingereza upande wa kaskazini, nyingine na Italia upande wa kusini, na nyingine na Ufaransa, ambayo leo ni Jibuti. Ogaden ilikuwa chini ya Ethiopia, na sehemu ya tano iliingizwa katika Kenya.

Tarehe 1 Julai 1960 Somalia ya Waingereza na ile ya Waitalia ziliungana kuwa jamhuri moja. Nyota nyeupe katika bendera yake ina pembe tano, kila pembe ikiwakilisha sehemu moja. Serikali mpya ilitangaza wazi shabaha yake ya kuziunganisha zote. Shabaha hiyo iliiletea ugomvi na majirani. Nchini Kenya kulitokea mapigano yaliyojulikana kama vita vya Shifta kuanzia mwaka 1963, na uhusiano wa Kenya na Somalia ulitengenezwa kwa makubaliano yaliyofikiwa Arusha, Tanzania, mwezi Oktoba 1967. Upande wa Ethiopia mapigano ya mpakani yalizuka katika miaka ya 1963 na 1964.

Mapigano hayo ndiyo yaliyoilazimisha familia ya Farah kuikimbia Kallafo mwaka 1963 na kwenda Mogadishu. Alikuwa na umri wa karibu miaka 18. Hivyo vita vilikuwa vimemhamisha makwao mara ya kwanza kabla hajachapisha kitabu chochote.

Elimu na kitabu cha kwanza

Mjini Mogadishu Farah alifanya kazi ya ukarani katika Wizara ya Elimu kuanzia mwaka 1964. Mwaka 1966 alikwenda Uhindi, akasoma falsafa, fasihi na sosholojia katika Chuo Kikuu cha Panjab, Chandigarh. Akiwa mwanafunzi huko aliandika riwaya yake ya kwanza, From a Crooked Rib (yaani "Kutoka Ubavu Uliopinda"), iliyochapishwa mwaka 1970 katika mfululizo wa vitabu vya waandishi wa Afrika wa kampuni ya Heinemann.

Riwaya hiyo inasimulia habari za Ebla, msichana yatima wa jamii ya wafugaji wanaohamahama, anayetoroka baada ya kuahidiwa kuozwa kwa mzee. Anafika mjini, na huko pia anagundua kwamba wanaume wanaweza kumuuza. Wasomaji wengi walishangaa kwamba kitabu kinachoeleza kwa undani mawazo ya mwanamke kiliandikwa na kijana wa kiume. Suala la nafasi ya wanawake limeendelea kuonekana katika karibu kazi zake zote zilizofuata.

Kurudi nyumbani na udhibiti wa serikali

Farah alirudi Somalia wakati hali ya siasa imebadilika. Tarehe 15 Oktoba 1969 Rais Abdirashid Ali Shermarke aliuawa kwa kupigwa risasi, na siku sita baadaye jeshi likiongozwa na Meja Jenerali Mohamed Siad Barre lilitwaa madaraka. Bunge lilivunjwa na vyama vya siasa vilipigwa marufuku. Serikali mpya ilitangaza ujamaa wa kisayansi na kushirikiana na Umoja wa Kisovyeti.

Farah alifundisha katika shule ya sekondari na katika chuo kikuu mjini Mogadishu. Mwaka 1972 serikali iliamua kwamba Kisomali kiandikwe rasmi kwa herufi za Kilatini. Uamuzi huo uliwezesha kampeni kubwa ya kufuta ujinga, na hadi leo unahesabiwa kuwa mojawapo ya mafanikio ya utawala ule. Farah naye alianza kuchapisha riwaya kwa Kisomali katika gazeti, sehemu baada ya sehemu, mwaka 1973. Baada ya muda wakaguzi wa serikali waliizuia, na riwaya hiyo haikuendelea.

Tukio hilo lilikuwa na matokeo makubwa katika maisha yake ya uandishi. Lugha yake ya mama ilikuwa imepata hati, lakini magazeti na mitambo yote ya uchapaji ilikuwa mikononi mwa serikali. Mwandishi wa Kisomali alipaswa kupata kibali cha dola au kunyamaza. Kiingereza kilimpa Farah njia ya kuchapisha nje ya uwezo wa wakaguzi, lakini pia kilimweka mbali na wananchi wengi aliokuwa akiandika habari zao.

Simu kutoka Roma

Mwaka 1974 Farah alikwenda Uingereza kusomea mambo ya tamthilia, kwanza katika Chuo Kikuu cha London na kisha katika Chuo Kikuu cha Essex. Mwaka 1976 ilitoka riwaya yake ya pili, A Naked Needle ("Sindano Tupu"). Mhusika mkuu wake ni Koschin, mwalimu wa Mogadishu, na kitabu kinaeleza maisha ya mji huo baada ya mapinduzi ya kijeshi. Serikali haikufurahishwa nacho.

Akiwa njiani kurudi nyumbani mwaka huohuo, Farah alimpigia kaka yake simu kutoka Roma, Italia, ili aje kumpokea uwanja wa ndege. Kaka yake alimwonya asirudi, na akamshauri aihesabu Somalia kama nchi iliyokufa kwake. Kilichokuwa safari ya masomo kiligeuka kuwa uhamisho. Miaka iliyofuata aliishi na kufanya kazi katika nchi nyingi, zikiwa pamoja na Italia, Nigeria, Gambia, Sudan, Uganda, Ethiopia na Ujerumani. Alikuwa na kawaida ya kukaa barani Afrika kadiri ilivyowezekana badala ya kuhamia Ulaya moja kwa moja.

Riwaya tatu kuhusu udikteta

Kati ya 1979 na 1983 Farah alitoa riwaya tatu alizozipa jina la pamoja linalohusu udikteta wa Kiafrika.

Ya kwanza, Sweet and Sour Milk ("Maziwa Matamu na Machungu", 1979), inahusu mapacha wawili. Soyaan, mwanauchumi aliyekuwa akifanya kazi serikalini, anakufa ghafla katika mazingira ya kutatanisha. Ndugu yake Loyaan, daktari wa meno, anajaribu kujua kilichomuua. Wakati huohuo serikali inamtangaza marehemu kuwa shujaa wa mapinduzi na kumtungia maneno ambayo hakuyasema, na baba yao anakubali kuwa shahidi wa uongo huo. Riwaya hii ilipata tuzo ya fasihi ya English-Speaking Union mwaka 1980.

Ya pili, Sardines ("Dagaa wa Kopo", 1981), inamhusu Medina, mwandishi wa habari aliyepokonywa kazi ya uhariri. Anaondoka katika nyumba ya mumewe, akihofia kwamba mama mkwe atamfanyia binti yake Ubax tohara ya wanawake. Ya tatu, Close Sesame (1983), inamhusu Deeriye, mzee mcha Mungu aliyewahi kufungwa na wakoloni wa Italia, ambaye katika uzee wake anakabiliwa na swali la kama ni halali kumuua mtawala dhalimu.

Hoja inayoziunganisha riwaya hizo ni kwamba udikteta hauanzi ikulu. Katika maelezo ya Farah, baba anayetawala nyumba yake kwa mijeledi na jenerali anayetawala nchi kwa askari wanasaidiana. Dola inatumia mfumo wa ukoo na ubaba kujiimarisha, na familia nayo inajifunza hofu kutoka kwa dola.

Vita vya Ogaden na riwaya ya Maps

Mwezi Julai 1977 jeshi la Somalia liliingia Ogaden na katika muda mfupi likateka sehemu kubwa ya eneo hilo. Umoja wa Kisovyeti ulihamisha msaada wake kutoka Somalia kwenda Ethiopia, na maelfu ya askari wa Kuba walitumwa kupigana upande wa Ethiopia. Mwezi Machi 1978 Somalia iliondoa majeshi yake. Wakimbizi wengi waliingia Somalia kutoka Ogaden, na kushindwa huko kulianza kuudhoofisha utawala wa Siad Barre.

Kallafo, mji wa utoto wa Farah, ulikuwa ndani ya eneo la vita. Miaka tisa baada ya vita kuanza alichapisha Maps ("Ramani", 1986). Mhusika mkuu ni Askar, mtoto wa Kisomali wa Kallafo. Baba yake alikufa akipigania Ogaden na mama yake alikufa wakati wa kumzaa. Analelewa na Misra, mwanamke kutoka Ethiopia asiye Msomali, ambaye anampenda kama mwanawe. Vita vinapozuka Askar anapelekwa kwa mjomba wake Mogadishu. Huko anajifunza uzalendo na kuchora ramani za Somalia yenye sehemu zote tano. Kisha Misra anafika akiwa mkimbizi, akituhumiwa kwamba aliwasaliti wapiganaji wa Kisomali kwa askari wa Ethiopia. Mwishoni anauawa, na Askar anahojiwa na polisi.

Kitabu hicho mara nyingi huhesabiwa kuwa bora kuliko vingine vyake. Hakitoi hukumu rahisi juu ya nani mwenye haki ya Ogaden. Kinauliza swali la msingi zaidi: mtu ni wa taifa gani, la damu yake, la lugha yake au la yule aliyemlea? Farah, aliyejifunza Kiamhari shuleni na kufukuzwa na vita, alilijua swali hilo kutokana na maisha yake. Mtindo wa kitabu unaonyesha hali hiyo pia, kwa kuwa masimulizi hubadilika kati ya nafsi ya kwanza, ya pili na ya tatu, kana kwamba Askar hana hakika yeye ni nani.

Maps ni ya kwanza katika mfululizo wa pili wa riwaya tatu. Ya pili, Gifts ("Zawadi"), inamhusu Duniya, muuguzi wa Mogadishu ambaye nyumbani kwake analetwa mtoto mchanga aliyetupwa. Kupitia kwake Farah anajadili msaada wa chakula kutoka nchi tajiri na deni la kimoyo analopata mtu anayepokea bila uwezo wa kurudisha. Ya tatu, Secrets ("Siri", 1998), imewekwa katika siku za mwisho kabla ya Mogadishu kuangukia vitani.

Kusambaratika kwa Somalia

Mwaka 1988 waasi walishambulia miji ya kaskazini, na serikali ilijibu kwa kuushambulia mji wa Hargeisa kwa mizinga na ndege. Maelfu ya raia walikufa. Mwezi Januari 1991 waasi waliingia Mogadishu na Siad Barre akakimbia. Makundi yaliyomwondoa hayakuelewana, na wababe wa vita waligawana mji mkuu kwa misingi ya koo. Kaskazini, Somaliland ilijitangazia uhuru tarehe 18 Mei 1991.

Vita na ukame vilileta njaa kubwa. Majeshi ya kimataifa yakiongozwa na Marekani yaliingia mwezi Desemba 1992. Katika mapigano ya Mogadishu ya tarehe 3 na 4 Oktoba 1993 waliuawa askari 18 wa Marekani pamoja na Wasomali mamia kadhaa. Majeshi ya Umoja wa Mataifa yaliondoka mwezi Machi 1995 bila kurudisha serikali.

Wimbi la wakimbizi liligusa Afrika Mashariki yote. Kambi za Dadaab nchini Kenya zilianzishwa mwaka 1991. Watu wa Barawa, mji wa pwani ambako lahaja ya Kiswahili iitwayo Chimwini ilizungumzwa kwa karne nyingi, walikimbilia Mombasa kwa mashua. Wasomali wenye asili ya Kizigua, ambao mababu zao walitoka eneo la Tanga, walirudi Tanzania na baadhi yao wakapewa makazi ya Chogo, wilayani Handeni.

Familia ya Farah ilikuwa kati ya waliokimbia. Wakati huo yeye alikuwa akifundisha katika Chuo Kikuu cha Makerere, Uganda. Alikwenda Mombasa kukutana na baba yake na ndugu zake waliofika huko kama wakimbizi. Mazungumzo hayo yalimwanzisha katika kazi ya miaka kadhaa ya kuwahoji Wasomali waliotawanyika Kenya, Italia, Uswisi, Sweden na Uingereza. Matokeo yake ni kitabu Yesterday, Tomorrow: Voices from the Somali Diaspora ("Jana, Kesho: Sauti za Wasomali wa Ughaibuni", 2000), ambacho si riwaya.

Katika kitabu hicho wakimbizi wanasimulia jinsi walivyokimbia, walivyolipa ili kuvuka mipaka, na walivyoishi kwa kusubiri vibali. Farah anaonyesha pia jinsi uhamisho ulivyobadilisha familia. Nchini Italia, kwa mfano, wanawake wa Kisomali walipata kazi za nyumbani na kuwalisha ndugu zao wa kiume waliokosa kazi. Jambo jingine analolisisitiza ni wajibu. Wengi wanawalaumu wakoloni, wababe wa vita au ukoo mwingine, lakini wachache wanakubali kwamba wao wenyewe walinyamaza wakati udikteta ulipokuwa ukijengwa.

Kurudi baada ya miaka 22

Mwaka 1996 Farah alirudi Somalia kwa mara ya kwanza tangu mwaka 1974. Mogadishu aliyoikumbuka, mji wa mchanganyiko wa Wasomali, Waarabu, Waajemi na Waitalia, ilikuwa imebomolewa, na wakazi wengi wa awali walikuwa wameondoka. Tangu hapo amefanya safari nyingine kadhaa. Mwaka 1999 alihamia Cape Town, Afrika Kusini.

Safari hizo zilizaa mfululizo wa tatu wa riwaya:

- Links ("Viungo", 2003): Jeebleh, profesa anayeishi New York, anarudi Mogadishu kulitafuta kaburi la mama yake na kumsaidia rafiki ambaye mpwa wake mdogo ametekwa. Wanaume wa ukoo wake wanadai awachangie fedha za vita.
- Knots ("Mafundo", 2007): Cambara, mwanamke kutoka Toronto aliyefiwa na mtoto, anakuja kuikomboa nyumba ya familia yake iliyotwaliwa na mbabe wa vita. Anafanikiwa kwa msaada wa mtandao wa wanawake wa mji huo.
- Crossbones (2011): Ndugu wawili, mmoja mwandishi wa habari, wanafika Somalia wakati wa Mahakama za Kiislamu, uvamizi wa Ethiopia na uharamia. Mmoja wao anamtafuta mtoto wake wa kambo aliyetoroka Minnesota na kujiunga na kundi la Al-Shabaab.

Farah hakubaki mwandishi tu. Mwaka 2006, Mahakama za Kiislamu zilipoitawala Mogadishu na serikali ya mpito ilipokaa Baidoa, alijaribu kuwa msuluhishi kati ya pande hizo mbili. Juhudi hizo hazikufanikiwa. Mwezi Desemba mwaka huo majeshi ya Ethiopia yaliingia Somalia kuisaidia serikali ya mpito, na vita viliendelea kwa sura nyingine.

Msiba wa mwaka 2014

Tarehe 17 Januari 2014 dada yake Farah, aliyekuwa mtaalamu wa lishe wa shirika la UNICEF, aliuawa katika shambulio la Taliban dhidi ya mkahawa mmoja mjini Kabul, Afghanistan. Watu 21 walikufa. Mwaka huohuo ilitoka riwaya yake Hiding in Plain Sight ("Kujificha Mahali pa Wazi"). Farah alikuwa ameianza kabla ya msiba huo, na inahusu jambo linalofanana nao. Mhusika Aar, anayefanya kazi Umoja wa Mataifa, anauawa na magaidi mjini Mogadishu, na dada yake Bella, mpiga picha anayeishi Roma, anaacha maisha yake ili kuwalea watoto wa kaka yake jijini Nairobi.

Riwaya iliyofuata, North of Dawn ("Kaskazini mwa Alfajiri", 2018), inatokea Oslo, Norwei. Mugdi, mwanadiplomasia mstaafu, na mkewe Gacalo wanawapokea mjane na watoto wa kambo wa mwana wao aliyejilipua Somalia. Kitabu kinaeleza jinsi vita vinavyomfuata mkimbizi hadi kwenye nchi yenye amani, ndani ya sebule yake.

Mtindo na dhamira

Riwaya za Farah hujaa ndoto, methali, visa vya mdomo na mazungumzo marefu. Wahusika wake wengi ni watu wa mjini waliosoma, na baadhi yao hujitokeza tena katika vitabu tofauti. Wapo wasomaji wanaoona kwamba wahusika hao wanazungumza kisomi mno, na wapo Wasomali wanaouliza kama mtu aliyeishi nje kwa muda mrefu anaweza kuieleza nchi yao kwa haki. Wengine wanajibu kwamba umbali ndio uliomwezesha kusema mambo ambayo waliobaki hawangeweza kuyasema na kubaki hai.

Dhamira zake kuu ni hizi:

- Wanawake: anawaonyesha wakiwa ndio wanaobeba gharama ya vita na wakati huohuo ndio wanaolinda familia.
- Ukoo: anakataa maelezo kwamba vita vya Somalia ni matokeo ya koo tu. Kwake ukoo ni chombo kinachotumiwa na wanaotafuta madaraka na mali.
- Familia na dola: anaona uhusiano kati ya ukatili wa nyumbani na ukatili wa serikali.
- Uhamisho: anauliza kama nchi inaweza kubaki kichwani mwa mtu wakati imebomoka ardhini.

Nafasi yake katika fasihi ya Afrika Mashariki

Farah hutajwa pamoja na waandishi wengine wa Afrika Mashariki ambao maisha yao yaligeuzwa na siasa za nchi zao. Ngũgĩ wa Thiong'o wa Kenya alifungwa bila kushtakiwa mwaka 1977 na akaanza kuishi uhamishoni mwaka 1982. Abdulrazak Gurnah aliondoka Zanzibar akiwa kijana baada ya Mapinduzi ya 1964, na mwaka 2021 alipata Tuzo ya Nobel ya Fasihi. Ngũgĩ aliamua kurudi kwenye lugha yake ya Kigikuyu, ilhali Gurnah na Farah waliendelea na Kiingereza. Kwa Farah sababu mojawapo ni kwamba jaribio lake la kuandika kwa Kisomali lilizimwa na serikali.

Vitabu vyake vimetafsiriwa katika lugha nyingi na hufundishwa katika vyuo vikuu vya Afrika, Ulaya na Marekani. Yeye mwenyewe amefundisha katika vyuo mbalimbali, kikiwemo Chuo cha Bard, New York. Jina lake limetajwa mara nyingi kati ya wanaotarajiwa kupata Tuzo ya Nobel.

Orodha ya riwaya zake

- From a Crooked Rib (1970)
- A Naked Needle (1976)
- Sweet and Sour Milk (1979)
- Sardines (1981)
- Close Sesame (1983)
- Maps (1986)
- Gifts (1992)
- Secrets (1998)
- Links (2003)
- Knots (2007)
- Crossbones (2011)
- Hiding in Plain Sight (2014)
- North of Dawn (2018)